Sirimon, Naro Moru au Chogoria: njia ipi ikufikishe Point Lenana?

Mtu anayejiandaa kuupanda Mlima Kenya kwa mara ya kwanza huanza kwa kuuliza njia fupi ni ipi, na kwa maoni yangu swali hilo ndilo linalowarudisha wengi nyumbani kabla ya kufika kileleni. Mlima huu una vilele vitatu vinavyotajwa zaidi. Batian, wenye urefu wa mita 5,199, na Nelion, wenye mita 5,188, ni vya wakwea miamba waliozoea kamba na vyuma. Point Lenana, wenye mita 4,985, hufikiwa kwa miguu na mtu yeyote mwenye afya njema, mavazi ya baridi na subira. Majina yote matatu yalitolewa kwa kuwakumbuka malaibon (viongozi wa kiroho) wa Wamaasai, yaani Mbatian, Nelieng na Olonana, na ni juu ya Point Lenana ambapo Kisoi Munyao alipandisha bendera ya Kenya taifa lilipopata uhuru mwezi Desemba 1963. Kila mwaka wapandaji wengi hulenga kilele hiki, na karibu wote hupitia mojawapo ya njia tatu: Sirimon kutoka kaskazini-magharibi, Naro Moru kutoka magharibi, na Chogoria kutoka mashariki.

Nimezipita njia zote tatu, mbili kati yake zaidi ya mara moja, na nimefikia uamuzi kwamba mambo mawili yanatosha kumsaidia mtu kuchagua. La kwanza ni kimo cha mahali utakapolala kila usiku. La pili ni maji: mvua inanyesha upande gani, matope yako wapi, na maporomoko na maziwa yako wapi. Mengine yote, kuanzia gharama hadi ubora wa vibanda, yana umuhimu, lakini huja baada ya hayo.

Usiku unalala wapi

Hewa ya Point Lenana ina karibu nusu tu ya oksijeni ambayo mtu wa Mombasa huvuta akiwa ufukweni, na mwili hauwezi kuzoea upungufu huo kwa usiku mmoja. Ushauri unaokubalika na madaktari wa milimani ni kwamba mtu akishavuka mita 3,000, kimo cha kambi ya usiku kisiongezeke kwa zaidi ya mita 500 hivi kutoka kambi ya usiku uliotangulia, na kwamba kila baada ya siku chache apumzike siku nzima bila kupanda. Tukizipima njia zetu tatu kwa kipimo hicho, tofauti zake hujitokeza mara moja.

Katika njia ya Naro Moru, kambi ya kwanza ni Met Station, iliyo mita 3,050 juu ya usawa wa bahari, na ya pili ni Mackinder's, iliyo takriban mita 4,200. Hiyo ina maana kwamba katika siku moja mpandaji huongeza zaidi ya mita 1,100, kisha usiku huohuo, saa nane au tisa, huamshwa ili aende kileleni. Katika njia ya Sirimon, kambi ya Old Moses iko mita 3,300 na ya Shipton's iko takriban mita 4,200, kwa hiyo ongezeko ni kama mita 900, nalo husambaa katika mwendo mrefu wenye kupanda na kushuka. Chogoria ndiyo inayompa mtu nafasi ya kupanda polepole kuliko zote: unaweza kulala karibu na lango kwenye mita 2,950, usiku wa pili ukalala kando ya Ziwa Ellis kwenye mita 3,450 hivi, na usiku wa tatu ukalala kwenye Ziwa Michaelson, karibu mita 4,000, kabla ya kuusogelea mgongo wa kilele.

Sisemi haya kwa kusoma tu. Safari yangu ya kwanza ilikuwa ya siku tatu kupitia Naro Moru, na mwenzetu mmoja, kijana mwenye nguvu ambaye alikuwa akikimbia kilomita kumi kila Jumamosi, alifika Mackinder's akiwa na maumivu ya kichwa yasiyotulia, akatapika chakula cha jioni, na kufikia usiku wa manane alikuwa akiyumba alipojaribu kusimama. Kiongozi wetu hakusubiri asubuhi. Alimshusha usiku uleule kwa tochi za kichwani hadi Met Station, na kufikia alfajiri kijana yule alikuwa anakunywa chai na kuzungumza kama kawaida. Kuyumba namna ile ni dalili ya ubongo kuanza kuvimba, kama vile kukohoa na kukosa pumzi hata ukiwa umeketi kulivyo dalili ya mapafu kuanza kujaa maji. Tiba ya kweli ya hali hizo mbili ni kushuka, tena bila kuchelewa. Nguvu za miguu hazimkingi mtu. Mara nyingi wenye nguvu ndio huumia, kwa sababu hupanda haraka kuliko mwili wao unavyoweza kuzoea.

Kwa hiyo anayeniambia kwamba ana siku tatu peke yake na kwamba anaishi Mombasa, Dar es Salaam au Kisumu, humshauri aongeze siku ya nne au aahirishe safari. Anayeishi Nairobi, Nyahururu au Eldoret ana nafuu kidogo kwa kuwa amezoea kimo cha mji wake, lakini nafuu hiyo si kinga.

Sirimon: njia kavu

Pepo zinazoleta mvua kwenye Mlima Kenya hutoka Bahari ya Hindi, na kwa hiyo hugonga kwanza miteremko ya mashariki na kusini-mashariki, zikaacha huko sehemu kubwa ya maji zilizobeba. Zikifika upande wa kaskazini zimekwisha kupungua, ndiyo maana ardhi ya Timau na Nanyuki ni ya ngano na malisho, ilhali Chogoria na Chuka ni nchi ya chai na kahawa. Tofauti hiyo hiyo huendelea hadi juu ya mlima. Mtu wa Sirimon hukanyaga udongo mkavu kwa sehemu kubwa ya safari, huona jua zaidi, na mavazi yake hukauka usiku.

Kutoka lango la Sirimon, lililo mita 2,650, hadi Old Moses ni mwendo wa kilomita 9 kwenye barabara ya gari inayopanda taratibu katikati ya msitu, na mtu asiyeharakisha huutimiza kwa muda wa saa 3 au 4. Siku ya pili ndiyo ndefu: kilomita 14 hivi, ukivuka mito ya Likii kisha ukipanda Bonde la Mackinder hadi Shipton's, ambapo Batian na Nelion husimama mbele yako moja kwa moja, karibu kiasi cha kukufanya usahau uchovu. Katika bonde hili mimea ya lobelia na seneshio hukua kuliko kimo cha mtu, na pimbi hawana woga hata kidogo; wataingia kwenye mkoba wako wa mikate ukiuacha wazi. Ukiinama juu ya lobelia moja asubuhi utaona maji yaliyokusanyika katikati ya majani yake yakiwa na utando wa barafu juu, na chini ya utando huo maji bado ni maji, kwa kuwa ndiyo blanketi linalozuia chipukizi la mmea lisigande.

Upungufu wa Sirimon ni kwamba haina maporomoko yanayostahili kuitwa hivyo. Vijito vipo, na vinatosha kwa kunywa baada ya kuyachemsha au kuyachuja maji yake, lakini anayetaka kusikia ngurumo ya maji yanayoanguka hataisikia hapa.

Naro Moru: njia fupi

Lango la Naro Moru liko kilomita 17 hivi kutoka mji wa jina hilo, na ukitumia gari hadi Met Station unaweza kuwa kileleni siku ya pili usiku unapokucha. Vibanda vya Met Station na Mackinder's vina vitanda, kwa hiyo hema si lazima, jambo ambalo huipunguzia mtu gharama ya wapagazi. Hizi ndizo sifa zake.

Tatizo lake, mbali na kimo nilichokwisha kukieleza, ni kinamasi. Baada ya kutoka msituni juu ya Met Station, njia huingia kwenye mteremko mkali wa nyasi za vishungi ambao udongo wake hushika maji karibu mwaka mzima, na mpandaji huruka kutoka kishungi hadi kishungi huku buti zikizama hadi kwenye vifundo. Wakati wa kiangazi cha Februari kinamasi hiki huvumilika. Mwezi wa Novemba huweza kumla mtu muda wa saa 3 na nguvu zake zote za siku. Juu yake mambo hubadilika: Bonde la Teleki, linaloitwa kwa jina la mpelelezi aliyefika huko mwaka 1887, ni pana na zuri, na njia ya mwisho hupita kwenye changarawe inayoteleza hadi Austrian Hut, kibanda kilicho mita 4,790, kando ya barafu ya Lewis. Anayetaka kuiona barafu hiyo kwa karibu aende mapema, kwa maana imepungua sana na kinachobaki ni kidogo. Wale waliopiga picha mahali hapo miaka ya nyuma hawawezi kulinganisha picha zao na za leo bila kusikitika.

Naichukulia Naro Moru kuwa njia nzuri ya kushukia. Miguu inayoteremka hufurahia ufupi wake, na mtu aliyekwisha kuzoea kimo hana tena la kuogopa huko.

Chogoria: njia ya maporomoko

Hapa ndipo ninapopenda, na sitaficha.

Safari huanza kwa maji kabla hata hujafika mlimani. Ukitoka Nairobi kupitia Embu na Chuka, huvuka daraja la Nithi, ambalo wasafiri wa barabara ya Meru hulijua kwa ajali zilizowahi kutokea hapo na madereva waangalifu hulishukia kwa gia ya chini. Mto unaouona chini ya daraja hilo ndio utakaoufuata kwa siku tatu zijazo hadi kwenye chanzo chake, ukikutana nao kwenye maporomoko, kisha kwenye korongo, kisha kwenye ziwa. Sijui njia nyingine ya mlima katika Afrika Mashariki inayomwezesha mtu kuujua mto mmoja namna hiyo.

Kutoka mji wa Chogoria hadi lango ni takriban kilomita 30, ukipita mashamba ya chai, kisha msitu mnene, kisha mianzi. Mvua ikinyesha, gari lisilo na nguvu ya magurudumu yote manne halifai kujaribiwa katika sehemu za juu. Karibu na lango kuna mabanda yanayokodishwa, lakini baada ya hapo hakuna kibanda cha wageni kinachofaa kutegemewa, kwa hiyo hema ni la lazima, na kwa sababu hiyo mzigo huongezeka na wapagazi huhitajika zaidi.

Siku ya kwanza au ya pili, kutegemea utakapolala, unaweza kwenda maporomoko ya Nithi kwa mwendo mfupi kutoka mwisho wa barabara ya gari. Maji huanguka ukutani mwa mwamba mweusi uliofunikwa na kuvu na majani ya kijani kibichi, na baridi yake huhisiwa usoni kabla hujayafikia. Ningemshauri mtu asiyaone kwa haraka akielekea juu. Mchana wa siku ya kupumzika kwenye Ziwa Ellis unatosha kwenda na kurudi, na kwenda huko ni mazoezi mazuri kwa mapafu, kwa kuwa utapanda na kushuka kisha ulale palepale ulipolala jana.

Kutoka Ziwa Ellis kuna njia mbili za kwenda juu. Ya kwanza hupita juu ya ukingo hadi Mintos, karibu na viziwa vya Hall Tarns, na ndiyo inayotumiwa na wengi kwa kuwa iko wazi na haina ugumu mkubwa. Ya pili huingia ndani ya korongo lenyewe, ikipita maporomoko ya Vivienne, yaliyopewa jina la mwandishi wa kike Mwingereza aliyekaa mlimani huko mwishoni mwa miaka ya 1920, hadi kufikia Ziwa Michaelson lililo chini ya ukuta wa mwamba wa mamia ya mita. Njia hii ya korongoni ina matope, ina vichaka vinavyolowesha suruali hadi mapajani, na wakati mwingine huhitaji mkono kushika mawe. Hata hivyo, kwa mtu aliyekuja kwa ajili ya maji, hii ndiyo sababu yenyewe ya kuichagua Chogoria. Kuna saa moja ya jioni, jua likiwa limekwisha kupotea nyuma ya vilele lakini mbingu bado ikiwa nyeupe, ambapo ziwa hutulia kabisa na sauti pekee inayosikika ni ya kijito kinachoingia kwa upande mmoja na mto unaotoka kwa upande mwingine.

Gharama ya uzuri huu ni mvua. Upepo uleule unaoujaza mto wa Nithi ndio utakaokulowesha, na katika miezi ya Aprili, Mei na Novemba upande huu huweza kufunikwa na ukungu siku nzima, maporomoko yakawa yanasikika bila kuonekana. Ningeichagua Chogoria katika Januari, Februari, Agosti na Septemba, na miezi mingine ningeiachia Sirimon.

Usiku wa kileleni

Njia zote tatu hukutana katika saa za mwisho kwa namna inayofanana: kuondoka saa nane au tisa usiku, baridi chini ya sifuri, na kupanda polepole ili kufika jua linapochomoza. Sababu ya kuondoka usiku si mapambazuko pekee. Changarawe iliyoganda hushikana na kumpa mguu mahali pa kukanyaga, ilhali ikiyeyuka hurudisha nyuma hatua moja kwa kila hatua mbili, na mawingu hupanda kutoka mabondeni kuanzia asubuhi ya saa nne hivi. Kutoka Shipton's mteremko ni mkali mfululizo. Kutoka Mackinder's hadi Austrian Hut changarawe ndiyo adui. Kutoka upande wa Chogoria mwendo ni mrefu zaidi lakini umegawanyika katika ngazi zinazokupa nafasi ya kupumua.

Fedha na taratibu

Ada ya kuingia hifadhini hutozwa na Shirika la Wanyamapori la Kenya kwa kila siku, si kwa kila safari, kwa hiyo siku tano za Chogoria zitakugharimu zaidi ya siku nne za Sirimon hata kabla ya kuhesabu hema na wapagazi. Malipo hayafanywi kwa fedha taslimu langoni, hivyo ni vyema kuyakamilisha kwa njia ya mtandao na kutazama viwango vya sasa kabla ya kuondoka, kwa kuwa hubadilishwa. Mtu haruhusiwi kupanda peke yake bila kiongozi, na nadhani utaratibu huo ni wa haki: nyati na tembo wako msituni katika njia zote tatu, na ukungu wa juu unaweza kumpoteza hata mwenyeji. Kuhusu wapagazi, ulizia mapema uzito wa mzigo watakaobeba na hakikisha kila mmoja ana koti na mahali pa kulala. Mpandaji anayelipia bei ya chini kuliko wote mara nyingi huwa amelipiwa tofauti hiyo na mpagazi anayelala na blanketi moja.

Nani achague ipi

Mwenye siku nne, anayepanda kwa mara ya kwanza, asiye na hema, na anayetaka zaidi ya yote kusimama Point Lenana, aende Sirimon na arudi kwa Sirimon au kwa Naro Moru. Aliyekwisha kuzoea kimo, labda kwa kutoka Mlima Meru au Kilimanjaro wiki hiyohiyo, anaweza kupanda kwa Naro Moru katika kiangazi bila wasiwasi mkubwa. Mwenye siku tano au sita, anayependa kukaa kando ya maji kuliko kuhesabu kilomita, achukue Chogoria na asiiharakishe. Na aliye na siku moja tu, asijidanganye kwamba ataonja mlima huu kwa kukimbilia Met Station na kurudi. Aende hifadhi ya Aberdare akayaone maporomoko ya Karuru, yanayoanguka mita 273 katika ngazi tatu, naye atarudi nyumbani akiwa ameona jambo kamili.

Kwa wanaoweza kumudu, ninachokipendekeza kuliko vyote ni kupanda kwa Sirimon na kushuka kwa Chogoria. Unapanda upande mkavu wenye vibanda, unafika kileleni ukiwa hujalowa, kisha unaufuata mto wa Nithi kutoka ziwani hadi kwenye maporomoko, na wenyewe unakua kila siku unavyoteremka nao. Jambo la kupanga mapema ni usafiri, kwa maana gari lililokuacha lango la Sirimon italazimu lizunguke kupitia Timau na Meru mjini hadi Chogoria, na langoni hakuna matatu. Mwambie dereva siku na saa, na umwombe awe amefika jioni iliyotangulia ikiwa mawingu yamekaa vibaya upande wa Chuka.